MUNGU TUNAYEMSADIKI
Historia fupi ya maneno tunayomtajia



Katika kitabu hiki cha yubile wengine wameandika juu ya kanisa letu na matofali yake, juu ya mapadri na masista waliotutumikia, juu ya vyama vya sala na waimbaji. Sisi tuliombwa kuandika juu ya jambo ambalo, likikosekana, hayo yote hayana maana: Mungu mwenyewe. Ni nani Yule tunayekusanyika mbele yake kila siku ya Mungu?

Tuanze kwa kuungama haya yetu. Miaka kadhaa iliyopita tuliitwa kuongoza sala kwenye matanga ya mtoto. Homa ilimchukua kwa siku tatu. Mama yake alitutazama, akasema: «Mwalimu, mnatufundisha kwamba Mungu anajua yote, anaweza yote, tena anatupenda. Basi, juzi usiku alikuwa wapi?» Tulimjibu kama tulivyozoea kuwajibu wakatekumeni: Mungu yuko mahali pote. Jibu lilikuwa la kweli. Lakini tuliona usoni mwake kwamba aliomba mkate, nasi tumempa jiwe.

Tangu siku ile tulianza kuuliza na kusoma. Maneno haya tunayowakaririsha watoto, Mungu mmoja, Mwenyezi, wa milele, Nafsi tatu, yalitoka wapi? Nani aliyasema kwanza, na kwa sababu gani? Tukaona jambo lililotushangaza. Mengi ya maneno hayo hayakupatikana mezani, watu wakiwa wameshiba na kustarehe. Yalipatikana katika kilio, katika uhamisho na katika mabishano makali. Tena yote yanaulinda ukweli mmoja: aliyekuja kwetu katika Yezu Kristu ni Mungu mwenyewe, si mjumbe wake tu. Ndiyo historia tunayotaka kuisimulia hapa.

I. MUNGU MMOJA, MUUMBA WA WOTE

Wana wa Israeli walimjua Mungu kwanza kwa matendo yake. Hawakuanza kwa kuuliza yeye ni wa namna gani. Walisema tu: huyu ndiye aliyemwita Abrahamu, huyu ndiye aliyetutoa utumwani Misri. Musa alipouliza jina lake mbele ya kichaka kilichowaka moto, alipewa jina ambalo wataalamu hawajamaliza kulifumbua mpaka leo. Lakini pamoja na jina alipewa ahadi: Mungu atakuwa pamoja naye. Tusisahau hilo, kwa sababu litarudi.

Karibu mwaka 587 mbele ya Kristu, mfalme wa Babiloni aliteka Yeruzalemu, akachoma hekalu, akawahamisha watu wengi. Katika mawazo ya nyakati zile, taifa likishindwa, mungu wake ameshindwa pia. Ingekuwa rahisi kwa Wayahudi kuiacha imani yao palepale, kando ya mito ya ugenini. Lakini ni katika uhamisho ule manabii walifundisha kwa nguvu kuliko zamani kwamba Mungu wa Israeli ni mmoja tu, kwamba miungu mingine ni kazi ya mikono ya watu, na kwamba yeye ndiye Muumba wa mbingu na nchi, mwenye Babiloni pia. Imani ya Mungu mmoja ilipata maneno yake yaliyo wazi kabisa midomoni mwa watu waliopoteza kila kitu.

Kanisa lilipozaliwa, lilirithi imani hiyo, likailinda. Karibu mwaka 144, katika mji wa Roma, mtu mmoja aitwaye Marsioni alifundisha kwamba Mungu wa Agano la Kale, aliyeumba ulimwengu, ni mwingine, mkali na mwenye hasira. Na Baba wa Yezu ni mwingine, mwema. Kanisa lilimtenga. Mtakatifu Ireneo, askofu wa Lyon katika Ufaransa, alieleza baadaye katika karne ileile kwamba Muumba na Mwokozi ni Mungu mmoja. Kwetu hilo lina maana kubwa: miili yetu, ardhi tunayolima, samaki wa ziwa, vyote ni kazi ya Baba yuleyule aliyemtuma Mwana.

II. NISEA, MWAKA 325

Hapa tukae kidogo, kwa sababu ndipo kiini cha habari yetu.

Karibu mwaka 318, katika mji wa Aleksandria huko Misri, padri mmoja aitwaye Ario alianza fundisho lililotikisa Kanisa lote. Tusimfikiri kuwa mtu aliyemdharau Mungu. Kinyume chake, alitaka kuulinda ukuu wa Mungu. Mungu hana mwanzo, hageuki, hateswi. Lakini Yezu alizaliwa, aliona njaa, alichoka, alikufa. Basi, akasema Ario, Mwana hawezi kuwa Mungu sawa na Baba. Ni kiumbe, cha kwanza na bora kupita vyote, lakini kiumbe. Na kabla ya kuumbwa hakuwako. Fundisho hilo lilitiwa hata katika nyimbo, na watu wa mitaani wakaliimba.

Ili tufahamu hatari yake, tukumbuke sultani wa zamani. Sultani mkuu hakutoka lupango lwake kwa ajili ya kila jambo. Alimtuma nyampara. Nyampara alikuja na fimbo ya sultani, akasema kwa jina la sultani, akapokea ushuru, akarudi. Watu waliweza kuzeeka na kufa bila kuuona uso wa sultani hata siku moja. Ndivyo ingekuwa kwa Mungu wa Ario. Angebaki mkubwa sana, safi sana, na mbali sana. Kwetu angetuma kiumbe mwenzetu, na msalabani angekufa nyampara.

Mfalme Konstantino aliwaita maaskofu katika mji wa Nisea, ambao leo unaitwa İznik katika nchi ya Uturuki. Mapokeo yanasema walikuwa 318. Wengine wao walikuja na makovu ya mateso yaliyoanza mwaka 303, wakati serikali ya Roma ilipotaka kulimaliza Kanisa. Walitafuta neno ambalo wafuasi wa Ario wasingeweza kulipotosha. Wakachagua neno la Kigiriki, homoousios: maana yake, Mwana ana umungu uleule mmoja wa Baba. Neno hilo haliko katika Maandiko Matakatifu, na kwa sababu hiyo maaskofu wengine walilisikia kwa hofu. Lakini liliyalinda yale Maandiko yanayoyasema. Mwishoni maaskofu wawili tu walikataa kabisa, wakapelekwa uhamishoni pamoja na Ario.

Tungependa kuandika kwamba amani ilirudi. Haikurudi. Baada ya Konstantino, mwanawe Konstansio alisimama upande wa wapinzani wa Nisea, na maaskofu wengi walitii serikali. Atanasio, aliyekuwa shemasi wakati wa Mtaguso, alifanywa askofu wa Aleksandria mwaka 328. Kwa sababu ya imani hiyo alihamishwa mara tano, na miaka karibu 17 ya uaskofu wake aliimaliza mbali na kiti chake. Kuanzia mwaka 356 alijificha kwa wamonaki katika jangwa la Misri. Tukumbuke vema: huyu ni baba yetu, mtu wa bara la Afrika. Alieleza kwamba kiumbe hawezi kumwunganisha kiumbe mwenzake na Mungu. Kama Yezu si Mungu kweli, hatujaokolewa.

Atanasio alikufa mwaka 373, kabla ya kuuona ushindi. Mwaka 381 Mtaguso wa Konstantinopoli ulithibitisha imani ya Nisea, ukafundisha wazi kwamba Roho Mtakatifu naye anaabudiwa pamoja na Baba na Mwana. Mtakatifu Basili, aliyekufa mwaka 379, alikuwa ameitayarisha njia hiyo kwa maandiko yake. Hivi ndivyo tulivyopata Nasadiki ndefu tunayoiimba katika Misa Kuu. Mwaka 2025 Nisea ilitimiza miaka 1700.

Lakini swali la Ario lilikuwa bado na mzizi: Mungu asiyeteswa alikufaje? Mtaguso wa Efeso, mwaka 431, na ule wa Kalsedoni, mwaka 451, ulijibu. Umungu haufi wala hauugui. Lakini aliyezaliwa na Bikira Maria, aliyelia kaburini kwa Lazaro, aliyetundikwa msalabani, ni Nafsi moja, Mwana wa milele, Mungu kweli na mtu kweli. Aliteswa katika umtu wake. Lakini aliyeteswa ni yeye, si mwingine. Kwa sababu hiyo tunamwita Maria Mama wa Mungu.

III. MANENO YANAYOJUA MPAKA WAO

Mtu angeweza kudhani kwamba baada ya Mitaguso hiyo Kanisa lilijiona limemmaliza Mungu. Sivyo. Mtakatifu Augustino, Mwafrika mwingine, aliyezaliwa mwaka 354 katika nchi inayoitwa leo Aljeria, alishinda miaka karibu 20 akiandika kitabu chake juu ya Utatu Mtakatifu. Naye ndiye aliyewafundisha wakristu wake kwamba, tukidhani tumemfahamu kabisa, tulichokifahamu si Mungu. Mtaguso wa Laterano wa mwaka 1215 ulifundisha kwamba, hata tukiona mfano gani kati ya Muumba na kiumbe, tofauti kati yao inaupita mfano huo daima.

Mtakatifu Tomaso wa Akwino alizipanga sifa za Mungu kwa utaratibu tuliofundishwa bado katika seminari: Mungu hana sehemu, ni mkamilifu, ni mwema, hana mpaka, hageuki, ni wa milele, ni mmoja. Lakini yeye pia alionya kwamba sifa nyingi kati ya hizo zatuambia kile ambacho Mungu sicho. Tukisema hana mpaka, tumeondoa mpaka tu. Hatujauona uso wake. Mwezi wa kumi na mbili wa mwaka 1273 Tomaso aliacha kuandika, na kitabu chake kikubwa hakikumalizika. Alipoulizwa sababu, alieleza kwamba yote aliyoyaandika yalionekana kwake kama majani makavu, akiyalinganisha na yale aliyoonyeshwa. Alikufa mwaka uliofuata. Sisi wakatekista tungefanya vema kukumbuka majani hayo tunapojibu haraka mno.

IV. JINA LA MUNGU KANDO YA ZIWA LETU

Wamisionere hawakumkuta Mungu hana jina kwetu. Kando ya ziwa Tanganika, Watabwa na makabila mengine walimtaja Leza, na wengi waliotumia jina hilo walimfikiri katika mvua na radi. Ng'ambo ya ziwa, Warundi walimtaja Imana, wakawapa watoto wao majina ambayo ni kama katekisimu fupi: Habimana, yaani Imana yuko, Bigirimana, vitu vyote ni vyake, Hakizimana, yeye ndiye aokoaye. Basi, wazee walijua kwamba yuko, kwamba ni mwenye vyote, kwamba wokovu ni wake. Hata hivyo, katika taabu za kila siku mara nyingi hawakumwendea yeye. Waliwaendea mizimu na pepo wa milima na maji. Mungu alikuwa mkubwa, lakini alikuwa mbali, kama sultani yule tuliyemtaja.

Mwaka 1885 Mapadri Weupe wa Kardinali Lavigerie walipokea kituo cha Mpala. Mwaka 1893 Padri Viktori Roelens alianzisha misioni ya Kirungu, iliyoitwa Baudouinville. Mwaka 1896 akawa askofu. Nyakati zile nchi ililia kwa ajili ya biashara ya watumwa. Wengi wa wakristu wa kwanza walikuwa watoto waliokombolewa kutoka minyororo.

Sasa tutazame jambo ambalo kwa kawaida tunalipita. Wamisionere walitumia Kiswahili, lugha ya misafara, na pamoja nacho jina Mungu. Jina hilohilo lilikuwa midomoni mwa mtu aliyefunga na mtu aliyefungwa. Hatusemi hivi ili kuwahukumu ndugu zetu Waislamu, ambao Mtaguso wa Vatikano wa Pili, mwaka 1964, ulifundisha kwamba wanamwabudu pamoja nasi Mungu mmoja. Wakristu wa Ulaya nao waliuza watu ng'ambo ya bahari kwa karne nyingi, na Mungu walimtaja. Tunasema tu kwamba jina peke yake halitoshi. Mtoto aliyeuzwa alihitaji kujua ni Mungu gani. Aliambiwa: ni Baba, na Mwana wake aliuzwa pia, kwa vipande thelathini vya fedha. Hapo jina la zamani lilipata uso.

Kwa sababu hiyo Lavigerie hakutaka ubatizo wa haraka. Aliagiza miaka minne ya mafundisho kabla ya kubatizwa. Na katika vijiji, mbali na misioni, waliofundisha walikuwa wakatekista, watu wasio na vitabu vingi, waliotembea kwa miguu. Mwaka 1917, kule Baudouinville, Stefano Kaoze alipewa upadri, padri wa kwanza wa Kongo katika nyakati zetu. Tangu miaka ya 1910 na 1911 maandiko yake juu ya mawazo ya Wabantu yalikuwa yamechapwa, yakiwaonyesha Wazungu kwamba watu wetu walifikiri na kupima mambo kabla ya kufundishwa kusoma.

Tuseme pia upungufu. Wengi wetu tulikua tukitazama picha ya jicho ndani ya pembe tatu, Mungu anayechungulia makosa. Tulimwogopa kama mtu anavyoogopa askari wa kodi. Tulikariri sifa zake zote, na ile iliyo mama wa zote hatukuiweka moyoni.

V. NAMNA YA KUZISIKIA SIFA HIZO

Mtume Yoane aliandika kwamba Mungu ni mapendo. Hakusema tu kwamba Mungu anapenda, kama vile mtu mwema anavyopenda leo na kuchoka kesho. Hiyo ndiyo asili yake. Baba, Mwana na Roho Mtakatifu wanapendana tangu milele, kabla ya kuwako nyota hata moja. Mungu hakutuumba kwa sababu ya upweke. Basi, sifa nyingine zote tuzisikie ndani ya hiyo.

Mungu ni mmoja: basi hakuna Mungu wa kabila langu na Mungu wa kabila lako, na anayemwua jirani kwa ajili ya kabila ameunda mungu wake mwenyewe. Katika nchi yetu, ambayo upande wa mashariki umeona vita vikirudi tena na tena tangu mwaka 1996, sifa hii si neno la shule.

Mungu yuko pote: si kama mlinzi anayezunguka, bali kama Yule aliyemwahidia Musa kuwa pamoja naye. Yuko katika mgodi, katika mtumbwi, katika chumba cha mgonjwa.

Mungu anajua yote: anajua hata machozi ambayo hakuna aliyeyaona, na jina la kila mmoja aliyezikwa bila sanduku wala msalaba.

Mungu hageuki: si mgumu kama jiwe, ila mapendo yake hayapandi na kushuka kama bei sokoni.

Mungu ni mwenye haki na mwenye huruma: kwetu wanadamu mambo hayo mawili hugombana, kwake ni kitu kimoja.

Mungu ni Mwenyezi: hapa ndipo tulipokosea wengi. Tulifikiri uwezo wake ni kama wa watu wakubwa wa dunia, kuamuru na kulazimisha. Msalaba unatuonyesha uwezo mwingine, uwezo wa kuchukua uovu wote bila kurudisha uovu, na siku ya tatu kufungua kaburi. Kwa nini haondoi kila ubaya leo, hilo katekisimu haijibu kwa neno moja. Kanisa lilimkataa Ario ili liweze kutuambia jambo hili: katika ubaya huo hakututumia nyampara. Alikuja mwenyewe.

VI. KUMALIZA

Baada ya kusoma mambo haya tulirudi kwa mama yule. Mwaka ulikuwa umepita. Hatukuwa na jibu jipya la swali lake, tukamwambia hivyo. Tukamsimulia, kwa maneno machache, jinsi Kanisa lilivyopigania kusema kwamba aliyekufa msalabani ni Mungu kweli, na kwamba Mama yake alisimama pale akitazama. Alikaa kimya muda mrefu, akiendelea kuchagua maharagwe. Kisha akasema: «Mwalimu, mngekuja kukaa hivi siku ile.» Alikuwa na haki.

Ndugu wapenzi, yubile ni wakati wa kushukuru na wa kutengeneza. Tuwashukuru waliotuletea imani, walio na majina katika vitabu na wale wakatekista wa vijijini ambao majina yao Mungu peke yake anayajua. Tuendelee kuwakaririsha watoto maneno ya Nasadiki, kwa sababu yalilipiwa kwa bei kubwa. Lakini tukiyapeleka kwenye nyumba ya kilio, twende tukae kwanza. Mungu naye alifanya hivyo: kabla ya kutufundisha, alikaa kwetu miaka thelathini.

Kwa Mungu mmoja katika Nafsi tatu, aliyekuwa karibu nasi kuliko tulivyodhani, ziwe shukrani za parokia hii, leo na katika vizazi vitakavyofuata. Amina.